Redio Matangani

Msimu ule wa uchaguzi, kabla Mwingereza hajaondoka, kambi yetu ya mkonge kule Magoma ilikuwa na redio moja tu, ya nyapara. Kila jioni tulijaa barazani kwake kusikiliza habari za wagombea. Siku moja ikatangaza mkutano wa Korogwe ambao baba zetu walikwenda, ikataja hata mvua iliyowanyeshea. Tangu hapo tukaamini kwamba redio inaona kila kitu.

Wiki ya kupiga kura, mashine ya kusaga mkonge ilimnasa jirani yetu mkono, na kabla jua halijazama alikuwa amekufa. Kura yenyewe, kwa ujira wake mdogo, asingeruhusiwa kuipiga. Kwetu, matangani redio haiwashwi. Lakini wanaume walikwenda kuiazima, wakaiweka juu ya kinu kilichopinduliwa katikati ya waombolezaji, ili iuone msiba na imtaje, ndugu zake huko mbali alikotoka wasikie. Hakuna aliyepinga. Mimi nilikuwa ndani na mama, tumekaa na mjane, tukisikia sauti ya msomaji wa habari bila kuyashika maneno. Sauti ile nzuri, isiyo na haraka, naichukia mpaka leo.

Msomaji akamaliza, muziki ukaanza, mtu akaizima.

Mjane akauliza kupitia dirishani, "Shemeji, wamesemaje?"

Baba akasogea karibu na dirisha.

"Wamesema uchaguzi unakwenda vizuri, shemeji. Mashambani kote hali ni shwari."