Wataliano wa Shangazi Raya

Sabuni ya mche ina harufu ambayo haijabadilika tangu utoto wangu, na kila nikiisikia hainikumbushi nguo wala beseni. Hunikumbusha mpira wa miguu. Wanangu hunicheka nikisema hivyo, nami huwaacha wacheke, maana asiyekuwapo hana lake. Sabuni hizo alikuwa akituletea Ami Seif, mdogo wake baba, aliyekuwa karani wa stoo katika kambi ya mafuta nje ya Maskati. Siku moja, mwishoni mwa mwaka wa 1968, alizifunga katika gazeti la picha lililoachwa na fundi mmoja wa Kitaliano aliyekuja kuunga mabomba. Bibi alizitoa sabuni moja moja, akazinusa, akazipanga kabatini, kisha akalikunja lile gazeti ili akawashie moto. Mimi nilikuwa nimekwisha kuona picha ya katikati, nikalidaka. Nilikuwa na miaka kumi, na sikuwa na adabu nyingi.

Katika picha ile walikuwamo wanawake kumi na mmoja waliovaa kaptura, na mbele yao mpira wa ngozi. Kwetu sisi wasichana jambo hilo lilikuwa kama kuona samaki amepanda ngazi. Tulikuwa tukicheza rede, kama walivyocheza mama zetu Unguja: mpira wa matambara uliofungwa kwa kamba, unarushwa kwa mkono, nawe unaukwepa ukicheka. Rede Bibi aliiruhusu. Mguu hapana. "Mtoto wa kike na teke, wapi na wapi?" akisema. Tulikuwa tumefika Matrah, mji wa bandari kando ya Maskati, miaka mitatu nyuma, tumetoka Unguja na masanduku mawili, na Bibi alikuwa akihesabu kila jicho la jirani. Watu walituita Wazanjibari, hata babu yetu, Mwomani mwenzao aliyezikwa milimani kwao, asitufae kitu. Kosa la mtoto mmoja lingekuwa kosa la Wazanjibari wote, na hilo Bibi alitukumbusha asubuhi na jioni.

Shule ya wasichana haikuwapo. Mimi niliyekuwa nimeanza kusoma Unguja nilikuwa nikizisahau herufi kidogo kidogo, kama mtu anavyosahau nyimbo. Lakini aliyeumia zaidi nyumbani mwetu alikuwa Shangazi Raya, dada yake baba. Unguja alikuwa mwalimu wa darasa la nne. Aliondoka siku ya Jumatano bila kumuaga mwanafunzi hata mmoja. Tangu tufike alikuwa hasemi ila akiulizwa, na hali ila akisukumwa. Asubuhi alitusuka nywele huku midomo ikimcheza, nasi tukidhani anavuta uradi, anamtaja Mungu. Wahenga walisema heri kufa macho kuliko kufa moyo, na Bibi alikuwa akimtazama binti yake kwa jicho la mtu anayeogopa msiba ulioko ndani ya nyumba.

Basi gazeti lile nililipeleka kwake kwa sababu hapakuwa na mwingine wa kumpelekea. Alilitazama muda mrefu. Nikamuuliza kama anajua Kitaliano. Akasema, "Herufi ni zile zile," na hakusema uongo, maana tulipojaribu kuyasoma maneno yale kama tusomavyo Kiswahili yalitoka yote, ila hayakuwa na maana. Kisha akaniambia kwamba hii ni khabari ya klabu ya wanawake, tangu ilipoanza. Alasiri ile akatusomea mlango wa kwanza, na nilishtuka kusikia sauti yake: kumbe ilikuwa nene, ya mtu aliyezoea kusikika mpaka dawati la nyuma.

Tulikuwa wanne: mimi, dada zangu wawili, na Shekha, binti wa jirani yetu, ambaye nyumbani kwao hawakujua Kiswahili, lakini alikijua chetu chote, pamoja na matusi. Kila baada ya swala ya alasiri tulikaa juu ya mkeka, na Shangazi akifunua gazeti na kutufasiria khabari za klabu ile, kipande kwa kipande, miezi na miezi. Mimi nilishangaa kurasa nne zinavyokuwa na maneno mengi hivyo. Tuliambiwa klabu ina umri wa miaka arubaini. Tuliambiwa ilifukuzwa kwenye uwanja wake, ikahamia mji mwingine wenye joto, na wachezaji wengine wakabaki kule nyuma. Hao waliobaki nahodha hakuacha kuwataja kila asubuhi. Na wachezaji walikuwa na majina. Beki wa kushoto aliitwa Zakia, alichelewa daima kwa sababu alikuwa akiuza kwanza vitumbua vya mama yake. Winga aliitwa Time, hesabu zilimshinda lakini mwandiko wake ulikuwa mzuri. Golikipa aliitwa Mwanakhamis, mwoga wa radi, anayetafuna kucha.

"Wataliano wanaitwa Mwanakhamis?" nikauliza.

"Kwao yanatamkwa vingine. Mimi nnakufasirieni."

Nikaridhika. Shekha ndiye aliyetaka tucheze kama wao, nasi tukaweka goli baina ya mtungi wa maji na kinu. Shangazi alituchorea mistari kwa mkaa. Kabla ya kucheza ilikuwa lazima kila mtu aandike ukutani jina la mchezaji wake, na akikosea herufi hachezi. Hivyo ndivyo nilivyozirudisha herufi zangu. Mimi nilikuwa Mwanakhamis, maana nilikuwa mnene na nililiziba goli. Bibi alinuna, akageuza uso, akajifanya anapeta mchele, lakini hakutukataza. Shangazi alikuwa ameanza kula.

Ikaja siku ya ndimu. Jirani zetu walikuwa wameanika ndimu juani, sinia mbili kubwa, zikauke za mwaka mzima. Shekha akapiga teke moja la shetani, mpira ukapanda, ukavuka ukuta, tukasikia sinia zikilia kama harusi. Baada ya muda mlango ukagongwa, akaingia Ummu Shekha, mama yake, mpira wa matambara mkononi, ushungi umekaa upande. Hakupiga kelele, na laiti angepiga. Alikaa, akapewa kahawa, akauliza khabari za wazee mpaka zikaisha, kisha ndipo akamwuliza Bibi, kwa Kiarabu cha pole pole, binti yake anafundishwa nini katika nyumba hii.

Sijapata kumwona Bibi akifedheheka vile. Aliinuka, akaleta kisu cha jikoni, akamwambia Shangazi auchane mpira yeye mwenyewe na gazeti alitie motoni, mbele ya mgeni. Niliangua kilio. Kwa mpira nililia kidogo. Niliyemlilia hasa ni Shangazi, kwani nilimwona midomo yake inafungika tena kama zamani. Alikishika kisu. Kisha akakiweka chini, akalichukua gazeti, akalifunua ukurasa wa mwisho ambao sisi hatukuujali kwa kuwa haukuwa na mpira. Humo wale wanawake kumi na mmoja walikuwa wamesimama mstari mmoja uwanjani, vichwa vimeinama, mikono imekutana mbele.

Bibi alilisogeza gazeti karibu na jicho lake moja lililobaki zima. Akatazama, akatazama tena.

"Hawa wanasoma Fatiha?"

"Wanaomba, mama."

"Kabla ya kucheza?"

"Kabla."

Bibi akamgeuzia picha Ummu Shekha, kama mtu anayetoa hati ya nyumba. Mama yule akainama, akaziangalia kaptura, akaguna, kisha akaviangalia vile vichwa vilivyoinama. Akasema anayeanza kwa dua hapotei mbali. Hapo Bibi akatugeukia sisi, ukali wote umerudi: "Na nyinyi mbona mnaanza kama mbuzi waliofunguliwa?" Toka siku hiyo hapakupigwa teke katika ua wetu bila Fatiha, Bibi akiwa imamu wetu, na Ummu Shekha akiitikia amina kutoka upande wa pili wa ukuta, juu ya ndimu zake. Mpaka leo sijui kama Bibi alikosea, au alitaka kukosea.

Kwa jumla tulicheza karibu miaka miwili. Mwaka wa 1970 akaja Sultani mpya, mambo yakageuka, ikafunguliwa shule ya wasichana, wakatafutwa walimu. Shangazi alivaa buibui lake mapema kuliko adhana, na mimi na Shekha tulikaa dawati la mbele tukamsikia akiita majina ya darasa zima, moja moja, akingoja kila mmoja aitike. Alifundisha mpaka alipostaafu, na gazeti alilihifadhi sandukuni mwake.

Leo tunakaa Mabela, pembeni ya Maskati, na mjukuu wangu Rahma nampeleka mtaa wa Qurum mara mbili kwa wiki kucheza katika timu ya wasichana. Ana viatu vya kazi hiyo, ana kocha, ana uwanja wa majani ambao mimi nauangalia kutoka garini, kiyoyozi kikivuma, na nakiri kwamba nina wivu. Mwaka juzi Shangazi alipofariki nilimpa Rahma lile gazeti, naye akaelekeza simu yake juu ya kurasa, simu ikafasiri. Klabu ilikuwa na umri wa mwaka mmoja. Iliundwa na wasichana wa kiwanda cha nguo. Haikufukuzwa popote, wala haikuhama. Wale walioinamisha vichwa walikuwa wakimkumbuka mwenzao aliyekufa, kwa hiyo Bibi hakukosea sana. "Basi Bibi Raya alikuwa mwongo," Rahma akasema, akicheka. Nilimnyang'anya gazeti, nikalikunja.

Jibu la kumpa lilikuja siku ya tatu ya msiba. Simu ililia, namba ya Unguja, sauti ya mama mtu mzima aliyekuwa akilia. Alisema amepata khabari kwa watu, ameona atoe pole, kwa sababu marehemu alimsomesha darasa la nne, na siku moja hakuja tena, nao walimngoja madawatini mpaka jua likawa kali. Nikamuuliza jina.

"Mwanakhamis."

Midomo ya Shangazi ikanijia, asubuhi zile akitusuka, na uradi ule ambao haukuwa uradi, bali majina.

"Golikipa?" nikamuuliza.

"Mimi? Mimi sijapata kucheza mpira maishani mwangu, dadaangu."

"Umecheza," nikamwambia. "Matrah, miaka miwili. Na kila alasiri mwalimu wako alikuita jina."