Mashine ya Kimea na Askari wa Mlangoni

Mume wangu Sifael amesaga nafaka za watu miaka ishirini na miwili kwenye mashine ya Mzee Bhupendra hapa Shirimatunda. Mahindi yanasagwa na mashine yoyote. Sisi tunaopika mbege, pombe yetu ya ndizi, tulimfuata yeye kwa ajili ya kimea, yaani ule ulezi uliooteshwa na kuanikwa. Ukisagwa laini mno mbege inakuwa uji, ukisagwa chenga inakwaruza koo. Sifael alikuwa hakosei. Huo ndio ufundi wake, hana mwingine, na asiniambie mtu kwamba ni kazi ndogo.

Mwaka jana Mzee akagombana na mshirika wake, Calvin, kila mmoja akidai mashine ni yake. Calvin akaleta watu wakatoa madebe ya wateja nje, wakafunga mlango kwa mnyororo. Mzee akakimbilia mahakamani. Mahakama ikaamuru kazi iendelee mpaka kesi iishe, na polisi wailinde. Siku hiyo Sifael alirudi anacheka peke yake. Na mimi nilimshukuru Mungu, nikijua tumepona.

Jumatatu wakaja askari wawili, bunduki mapajani, wakakaa kwenye benchi la mlangoni. Sina ubaya nao, walikuwa wapole, wazee wakipita wanawaamkia shikamoo. Ila jamani, wateja wenyewe ni nani? Si ni sisi? Na nani kati yetu ana kibali cha kupika pombe? Labda mke wa mchungaji, na yeye hapiki. Mama wa kwanza alifika kona na ndoo kichwani, akaona magwanda, akageuka kama aliyesahau kitu nyumbani. Wa pili hivyo hivyo. Mwisho hata wa mahindi wakahama.

Sifael akawaomba askari wahamie nyuma ya jengo. Wakamjibu kwamba amri inasema mlangoni. Wakili wa Mzee naye akasisitiza mashine iwashwe kila siku, isije ikasemwa kazi imesimama. Basi Sifael akawa anaiwasha saa mbili, inaunguruma tupu, anaizima saa kumi. Mwezi mzima. Akirudi anakula, analala. Nikimuuliza, anasema salama. Sikulia wala sikukasirika. Nilikuwa na ganzi, kama mguu uliokaliwa muda mrefu. Nilimenya ndizi, nikakamua ng'ombe, nikaenda kwaya.

Jumatano moja aliweka kijiko chini, akaniambia Mzee amesema wiki hii ikiisha bila mteja atamwachisha kazi.

"Mama Kindness, una kimea pale," akasema. "Kilete kesho. Mmoja akionekana ameingia, wengine watafuata."

Nikamwambia nitaona.

Alhamisi nilijitwisha ndoo kweli, nikafika mpaka kona. Askari mmoja akainua kichwa akanitazama. Labda alitaka kunisalimia tu, sijui. Mwaka juzi polisi walinimwagia mapipa mawili ya mbege, nikalala mahabusu siku mbili na Kindness alikuwa bado ananyonya. Nikarudi nyuma. Nikapanda bodaboda mpaka Uru, kimea changu kikasagwa huko.

Ijumaa mahakama ikaongeza ulinzi miezi mitatu mingine. Jioni hiyo hiyo Mzee akamwachisha Sifael. Askari wako pale mpaka leo, wanalinda mlango.

Sifael alipofika nyumbani alivua viatu, akaingia jikoni, akaiona ndoo. Nilikuwa nakoroga mboga na sikugeuka. Niliona aibu, lakini aibu yenyewe ilikuwa mbali, kama ya mtu mwingine. Akachota unga kidogo, akausugua kwa vidole.

"Umesaga wapi?"

"Uru."

Akasugua tena.

"Wamejitahidi," akasema, akaenda kunawa mikono.