Mama Ngalula wa Kapata

Jumamosi ile nilikuwa uwani kwangu Kapata, mtaa wa Kolwezi, nasonga bukari, ugali wetu, na Odile wangu wa miaka sita ananiiga: mkono kiunoni, sauti puani. "Mama, njo vile?" akauliza, akitaka kujua kama amepatia. Nilicheka hadi moshi ukanitoa machozi. Alikuwa akimwiga Mama Ngalula, mke wa Kikasai mwenye mdomo na choyo, niliyemcheza miaka kumi na moja, kwanza jukwaani katika ukumbi wa wafanyakazi wa mgodi, halafu kwenye televisheni. Lafudhi niliiokota sokoni kwa akina mama Wakasai waliouza samaki wakavu. Mimi ni Msanga, mwenyeji wa huku, baba yangu alikuwa mtu wa reli Lubudi, lakini mjini kote waliniita Ngalula, si Monique. Nilijivunia hilo, jamani. Nilijivunia mno.

Wiki iliyofuata wakaanza kuwafukuza Wakasai. Wanasiasa walisema hao ni wageni wa jimbo jingine, warudi kwao, vijana wakatii. Mimi sikufunga hata dirisha. Niogope nini? Kwetu ni hapa.

Walikuja saa nne asubuhi, na mapanga.

"Mama Ngalula! Kamata bitu byako, wende kwenu Kasai!"

"Batoto bangu, ile ni teatre. Mi ni Monique, muntu wa Lubudi."

Nikawasemesha Kisanga, lugha ya mama yangu. Wakasikiliza. Kisha wakapiga makofi.

"Aka! Huyu mama anajua kucheza!"

Nikawatolea kitambulisho changu, wakakitupa kwenye moto wa jiko langu. Nikamtazama jirani yangu, Mama Jeanne, aliyemsuka Odile kila Jumapili, aliyewahi hata kumpikia baba yangu alipotutembelea. Alikuwa amesimama mlangoni pake. Neno lake moja lingetosha.

Akaingia ndani.

Watu huniambia aliogopa, nimsamehe. Bado sijaweza.

Wakatuswaga hadi kituo cha treni. Kilijaa maelfu ya Wakasai waliofukuzwa, tukalala chini wiki tatu tukingoja behewa. Odile akashikwa na kuhara. Siku ya pili ya kuugua hakuweza kunyanyua kichwa.

Nikakimbilia uzio, nikawapigia kelele vijana walioulinda: maji, dawa, mutoto wangu anakufa! Wakanitambua.

Wakacheka.

Odile alikufa mchana ule, mkono wake ndani ya blauzi yangu.

Mama mmoja muuza samaki, niliyemfahamu tangu sokoni, alivua kitenge chake akamfunika. Aibu ikanishika. Nikamwambia ukweli: mimi si wa kwao, na sauti niliyochezea miaka yote ilikuwa yake.

"Najua, mama," akasema. "Tulikuwa tunakuona ku televizyo. Batoto betu balikuwa banachekwa ku masomo sababu yako."

Kisha akapiga magoti, tukachimba pamoja kando ya reli.

Sijacheza tena. Wakiniuliza sababu, nasingizia uzee. Lakini mimi ndiye niliyewazoesha watu wa Kolwezi kumcheka mwanamke yule, na siku alipomlilia mwanawe, walicheka kama nilivyowazoesha.