Baba Alipocheza Chesi na Meneja

Wiki iliyopita mpwa wangu alinionyesha kwenye simu maisha ya bingwa mmoja wa chesi. Alianza akiwa na miaka minne, ana makombe ya kujaza kabati, na analipwa kwa kukaa kwenye kiti na kufikiri. Nikamwambia kwamba babu yake naye aliwahi kucheza chesi. Hakuniamini, na simlaumu. Safari yote ya baba katika mchezo huo ilikuwa wiki mbili za mazoezi na mechi moja, na kocha wake nilikuwa mimi.

Turudi Igoma, Mwanza, miaka ile viwanda vya umma vikifungwa kimoja baada ya kingine, huku kando ya ziwa vikifunguliwa viwanda vya sangara. Asubuhi tulikunywa chai ya rangi kwa michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa. Jioni mboga ilikuwa mapanki, mifupa ya sangara iliyobaki baada ya minofu kupanda ndege. Baba alikuwa fundi mitambo wa kiwanda cha nguo. Alipopunguzwa kazini alirudi na boksi lake la spana, akaliweka chini ya kitanda, na mama akaanza kuuza maandazi. Mwaka wa pili wa maandazi, mama aliacha kuuliza kama kuna kazi popote.

Waliopunguzwa walikuwa na kijiwe nje ya kibanda cha kinyozi, na pale baba hakuwa na mpinzani kwenye drafti. Kete zilikuwa vizibo vya soda, wa upande mmoja wakivilaza kifudifudi na wa upande wa pili chali. Sheria kubwa ilikuwa moja: kete ya mwenzako ikikaa mahali pa kuliwa, unaila, utake usitake. Ukijifanya hujaiona, anakutolea yako, na kijiwe kizima kinakuzomea: "Kula, mzee! Unaogopa kushiba?" Baba alishinda kwa sheria hiyo. Alikulisha moja, ukafungua mlango, akala zako tatu.

Kisha kiwanda kimoja cha sangara kikatafuta fundi wa mitambo ya barafu. Walibaki wawili, baba na kijana mmoja kutoka chuo cha ufundi. Meneja alikuwa mgeni ambaye ujanani, huko kwao, alicheza chesi kwa malipo, na picha za vikombe vyake zilijaa ukuta wa ofisi. Alisema anataka fundi ambaye akili yake inatangulia mkono. "Mnacheza chesi? Tutacheza baada ya wiki mbili; atakayenishinda au kutoka sare na mimi, kazi ni yake."

Baba akajibu, "Nacheza sana, bosi."

Alikuwa hajawahi kuigusa. Alifika nyumbani akaniuliza kama ule mchezo wa farasi tuliofundishwa shuleni ninaukumbuka. Nilikuwa na miaka kumi na miwili na ninajua kila kitu. Mwalimu wa hesabu alitufundisha muhula mmoja kabla hajahamishwa, jinsi kila kete inavyotembea na jinsi inavyokula. Tulichora kete kwenye vipande vya boksi, tukacheza kila alasiri. Wiki ya kwanza nilimfunga. Wiki ya pili sikumfunga hata mara moja, na nilijisifu kuwa mwalimu bora Mwanza nzima.

Jumamosi akanichukua. Bwalo la kiwanda lilinukia dawa ya kusafishia sakafu na samaki, na wafanyakazi waliovaa mabuti meupe walikuwa wamejipanga ukutani. Kijana wa chuo alishatolewa kwa dakika kumi. Meneja alinitazama.

"Na huyu?"

"Ndiye aliyeninoa, bosi."

Wakacheka. "Fundi kafundishwa na mtoto wa kike!" mmoja akapaza sauti.

Baada ya nusu saa hawakucheka tena. Baba alicheza akiwa amekalia mikono, kama alivyofanya siku zote pambano likiwa gumu. Meneja alivua koti. Mfalme wake alibanwa kwenye kona, na hata mimi niliona kwamba hatua mbili zaidi zinatosha. Ndipo meneja akasukuma askari mmoja mdogo mbele ya malkia wa baba, akamwacha pale, hana ulinzi.

Baba aliuona mtego. Nilimsikia akinong'ona, "Ananilisha." Malkia akiondoka pale, nyuma kunabaki wazi. Aliangalia ubao mpaka mtu akakohoa. Kisha akachomoa mkono chini ya paja, akamla yule askari.

Hatua tatu baadaye mfalme wa baba hakuwa na pa kwenda.

Meneja hakushangilia. Aliinama mbele. "Fundi, ulikuwa umenimaliza. Kwa nini umekula?"

"Kwani si lazima?"

"Lazima? Kwenye chesi unakula ukitaka." Akanitazama juu ya bega la baba. "Kama umefundishwa vibaya, sema. Tunaanza upya sasa hivi."

Masikio yaliniwaka moto. Mwalimu hakutuambia ni lazima. Hakutuambia pia kuwa si lazima, na mtoto wa Igoma, aliyekulia kwenye drafti, angeuliza swali hilo kwa sababu gani? Baba hakugeuka kunitazama.

"Nimefundishwa vizuri, bosi," alisema. "Mkono ndio umetangulia."

Kwa kuwa wote wawili walishindwa, cheti ndicho kilichoamua, na kazi alipewa kijana wa chuo. Baba alikwenda Magu kulima mpunga na kaka yake, na kwa miaka sita tulimwona mwisho wa mwezi, kama mgeni anayejua vikombe vinakaa wapi. Kijiwe kikafa bila yeye. Vizibo vyenyewe vimeadimika, soda sasa ni za plastiki.

Alipokuwa anaumwa mara ya mwisho, nilijikaza nikaanza kuomba radhi. "Baba, siku ile kiwandani..."

Akanikatiza. "Wewe ulikuwa mtoto. Mimi nilikuwa mtu mzima, na nilimwambia yule bwana kuwa nacheza sana."

Kwa miaka mingi nimejiliwaza kwamba aliitupa kazi ile ili mimi nisichekwe. Lakini kusema ukweli siku ile kungemlazimu pia akiri kwamba wiki mbili tu kabla hakuijua chesi. Sijui alikuwa anamlinda nani kati yetu wawili, na aliyejua tumemzika Magu.