Wimbo wa Tisa Uliokatwa Msumeno

Mwaka 1998 niliondoka Dar es Salaam kwa sababu mbili: kununua viatu vya biashara na kutafuta wimbo mmoja. Nilikuwa na kipindi redioni, na Jumamosi nilikuwa nimeahidi historia ya bendi moja ya Waingereza waliokuja baada ya muziki wa punk, wakatanguliza gitaa la besi na kuacha kimya kingi ndani ya nyimbo. Albamu yao ya mwisho inafungwa na wimbo waliourekodi wiki ile waliyovunjika. Mkuu wa kituo hakunificha: bila wimbo huo, kipindi anampa mwingine.

Siku ya nne mjini Guangzhou, viatu vilikuwa tayari njiani kwenda bandari ya Huangpu, nami nilikuwa naondoka kesho yake. Nyuma ya stesheni ya treni nikaikuta albamu, kwenye magunia ya CD zilizododa Ulaya zikaletwa kama plastiki chakavu. Zote zimekatwa ukingoni kwa msumeno. Wachina wa pale huziita dakou. Mimi mtu wa santuri nikafurahi. Ukingoni ni wimbo wa kwanza, nikajiambia, wangu uko ndani, salama.

Jioni, mtaa wa Sanyuanli. Mwenyeji wangu Dieudonné, mfanyabiashara wa Lubumbashi, akaiweka kwenye redio yake ya CD. Wimbo wa tisa, ule wa mwisho, ukaanza, ukakwaruza, ukafa.

“Mon frère, CD inaanzaka katikati,” alisema kwa upole. “Ya mwisho iko kando.”

Nilijiona mjinga kupindukia.

Saa mbili asubuhi nilikuwa sokoni tena, treni ya kunipeleka kupanda ndege ikiondoka saa nne. Muuzaji alipekua gunia zima. Kila nakala imekatwa palepale. “Meiyou,” akasema, hakuna. Mteja mmoja mwenye gitaa mgongoni akanieleza kwa Kiingereza cha kuokoteza kwamba bendi za hapo zilijifunza kupiga kutoka CD hizohizo, na hakuna aliyewahi kuusikia wimbo huo mpaka mwisho.

“Kwa hiyo tuliumalizia wenyewe,” alisema.

Nikawasha kinasa sauti, akapiga, jicho langu likiwa kwenye saa. Kisha nikakimbia.

Jumamosi, Dar. Niliwasimulia wasikilizaji kosa langu, nikaupiga wimbo wa tisa mpaka ulipokwaruza, nikaunganisha na kanda ya Guangzhou. Simu kutoka kwa mkuu iliita kabla sijaaga, nikajua nimekwisha.

Kumbe wasikilizaji walikuwa wanampigia wakiuliza yule mpiga gitaa anaitwa nani.

Sikuwa nimemuuliza. Kipindi kilibaki changu, na tangu siku ile siwashi kinasa kabla ya kuuliza jina.