Sauti ya Kamera

Wiki moja baada ya kumzika dada yangu, nilimsikia akiniita kutoka kwenye kompyuta.

"We Kinyonga, upo?"

Kinyonga ni mimi. Jina alinipa yeye, kwa mwendo wangu wa polepole.

Nikairudisha nyuma, nikasikiliza tena.

Mimi ni mhariri wa filamu, najitegemea. Ofisi yangu ni meza, skrini mbili na dirisha linalotazama ukuta. Dada alikuwa anapiga picha, mimi nakata na kuunga. Miaka tisa. Kazi ikiisha ananitumia diski kwa mtu wa pikipiki. Kuonana kwetu kulikuwa kwa nadra, na mara nyingi nililalamika kwamba hanitafuti.

Sauti nzuri hurekodiwa kwa maikrofoni ya pembeni. Ile ya kamera ni upepo na vikohozi tu. Kila diski ikifika, kwanza naizima sauti hiyo ya kamera.

Siku hiyo nikakuta maikrofoni iliishiwa chaji katikati ya mahojiano. Nikalazimika kufungua sauti ya kamera.

Ndipo akaniita.

Nikafungua kipande kingine.

"Jua kali huku, picha zikiungua usinilaumu."

Kingine.

"Umekula lakini? Au unashindia chai tena?"

Nikacheka peke yangu, kama chizi.

Cha mwisho, sauti ilikuwa chini.

"Kifua kinanibana, mdogo wangu. Sitaki kuwatisha wenzangu hapa. Ukisikia hii, njoo."

Diski hiyo ilikuwa imekaa mezani kwangu siku kumi na mbili kabla hajafariki. Picha zote nilishaziangalia.

Bila sauti.

Nikampigia mwenye filamu, aliyekuwa naye kazini.

"Dada alikuwa anaongea kwenye kamera. Ulijua?"

"Nani hakujua? Kila filamu! Tunamtania, bibie unaongea na nani? Anasema, na mdogo wangu, yeye ndiye mtazamaji wa kwanza."

Kisha akauliza:

"Kwani wewe hukuwa unamjibu?"

Nikakata simu. Nikazivamia diski za zamani, moja baada ya nyingine.

Tupu.

Kila filamu ikikamilika nilikuwa nafuta vipande vyote, nipate nafasi ya kazi mpya. Miaka tisa ya salamu niliifuta kwa mkono wangu, hata moja sikuisikia.

Ndugu yangu unayesoma, usilalamike haraka kwamba mtu wako hakutafuti. Huenda anaongea kila siku, na aliyezima sauti ni wewe.