Bwana Shamba Kwa Mama Mkwe

Kwa kuwa adabu ya ukweni haimruhusu kumtazama usoni wala kusema naye moja kwa moja, Syombua humjua kwa mgongo na mikono tu yule bwana shamba aliyemwoa bintiye. Kila akija kumpimia udongo, Syombua huchungulia kwenye ufa wa jikoni. Mikono ile huvunja bonge polepole, hulikoroga kwa maji, kisha huchovya karatasi ya kupimia asidi. Leo sukuma wiki zote zimekuwa njano, na karatasi imegeuka buluu.

“Mbuzi,” bwana shamba akamwambia mbuzi aliyefungwa hapo, “mwambie mama majivu yamezidi. Yanaua mboga.”

“Mbuzi,” Syombua akajibu kutoka jikoni, “mkumbushe ni yeye alisema niyamwage kila asubuhi.”

Mikono ikaikunja karatasi. Akakohoa.

“Basi, mbuzi,” akasema kwa sauti ya ofisini, “kuanzia kesho tutatumia samadi yako.”